Sauti ya Kusikilizwa Mara Moja

Katika hadithi ninayoiandika kuna kifaa cha kuhifadhi sauti. Hakina waya, hakina betri, hakina kioo cha kupapasa. Ni sahani nyeupe, ile ya kizamani yenye mstari wa buluu ukingoni. Unaisogeza karibu na mtu anayezungumza, au dirishani mvua inaponyesha, kisha unaifunika kawa. Basi, sauti imekaa. Siku ukiitaka unafunua. Lakini kuna sharti: husikika mara moja tu. Ikishasikika, sahani inabaki sahani, na ukitaka unaweza kuipakulia wali.

Sharti hilo sikulitoa mbali. Aliyelelewa Wete au Chake kule Pemba, au Mji Mkongwe wa Unguja, hakosi kuwa amewahi kunyweshwa kombe. (Wasomaji wangu wa bara, hili si lile wanalonyanyua wachezaji mpira.) Mwalimu wa chuo cha Kurani anaandika aya kwa zafarani iliyorowekwa katika maji ya mawaridi, wino unakauka juu ya sahani, kisha maji yanamiminwa, maandishi yanayeyuka, unapewa unywe. Umeyaona kwa macho yako yakiwa rangi ya machungwa, sasa sahani ni nyeupe na wewe ndiye uliyenayo. Sijapata kumsikia mtu akilalamika kwamba aya imepotea. Nilipokuwa natafuta namna kifaa changu kitakavyofanya kazi, nikaona wazee wameshanimalizia.

Kila ninayemsimulia anaupenda mwanzo na kuukataa mwisho. Fundi mmoja wa redio na simu pale Darajani, mtu ninayemheshimu sana, alinisikiliza hadi nikamaliza huku akipuliza vumbi ndani ya simu ya mteja. Kisha akasema: "Sheikh, kifaa kinachopoteza kile ulichokiwekea akiba ni kibovu. Kilete nikitengeneze."

Ana haki ya kusema hivyo, maana fani yake yote imejengwa juu ya kulikimbia sharti hilo. Mwaka 1857 Mfaransa aitwaye Édouard-Léon Scott de Martinville alitengeneza chombo cha kuchora mawimbi ya sauti juu ya karatasi iliyopakwa masizi ya taa. Kilichora tu, hakikuweza kuitoa sauti tena, na mwenyewe hakuwa akilitaka hilo. Alitaka sauti isomwe kwa macho. Miaka 20 baadaye, 1877, Thomas Edison wa Marekani akaja na silinda iliyoviringishiwa bati jembamba. Sindano ilichimba njia juu ya bati, ikarudishwa mwanzo, ikapita tena palepale, na sauti ikatoka. Ila bati lile lilikuwa laini mno. Kila ukisikiliza, sindano inalikwangua, na baada ya mara chache hubakiwi na kitu. Nilimwambia fundi: unaona, mashine ya kwanza duniani kuirudisha sauti ya mtu nayo ilikuwa na sharti. Akanijibu kwamba lile lilikuwa tatizo, na matatizo hutatuliwa. Likatatuliwa kweli.

Mchoro mmoja wa Scott, wa mwaka 1860, una habari nyingine. Ni kipande cha wimbo wa Kifaransa, na kilikaa kimya miaka 148 mpaka watafiti wa Marekani walipokisoma kwa kompyuta mwaka 2008 wakakigeuza kuwa sauti. Walipokisikia mara ya kwanza walidhani ni mwanamke au msichana. Baadaye ikabainika wamekiendesha kwa kasi maradufu ya ile iliyotakiwa. Kasi ilipopunguzwa, msichana akawa mwanamume, na yumkini ni Scott mwenyewe. Tutarudi kwenye kasi.

Kwetu Unguja fundi ana ushahidi mzito zaidi, nao ni Siti binti Saad. Mtoto wa Fumba, aliyetembeza vyungu mjini akivinadi kwa kuimba kabla mji haujamjua kwa taarabu. Mwaka 1928 yeye na wenzake walivuka bahari hadi Bombay kurekodi santuri za kampuni ya His Master's Voice, na kwa hilo anahesabiwa kuwa mwanamke wa kwanza wa Afrika Mashariki kurekodi. Santuri za wakati ule zilikuwa za ulimbo wa mdudu wa India uliochanganywa na unga wa mawe. Zilikuwa ngumu na nzito, na ikikuponyoka moja unaokota vipande. Upande mmoja ulibeba dakika tatu hivi, na nani amewahi kuona wimbo wa taarabu ukaisha kwa dakika tatu? Ama ufupishwe, ama msikilizaji anyanyuke katikati ya raha yake, ageuze upande, azungushe mkono wa gramafoni, aketi tena. Siti alifariki mwaka 1950. Angekuwa amewekwa kwenye sahani yangu, mtu mmoja angelimsikia na sisi wengine tungesimuliwa.

Hapo sina jibu, wala silitafuti. Sauti za umma zihifadhiwe kwa nguvu zote: za Siti, za kikundi cha taarabu cha Ikhwani Safaa kilichoanza mwaka 1905, na kanda za redio tangu enzi za Sauti ya Unguja iliyoanza 1951. Zinakiliwe, zinakiliwe tena, nakala moja ikae Pemba na nyingine ng'ambo kabisa, kwa sababu jengo nalo huanguka. Tuliliona hilo Desemba 2020, sehemu ya jumba la Beit al-Ajaib pale Mji Mkongwe ilipoporomoka. Wala sitaki kubishana na mtu juu ya hilo.

Kifaa changu ni cha nyumbani, na ya nyumbani yana taratibu zake.

Nyumbani kwetu Wete kaseti hazikuwa za muziki tu. Zilikuwa barua. Baada ya Mapinduzi ya 1964, na zaidi baada ya Oman kufunguka mwaka 1970, ilikuwa shida kupata ukoo Pemba usiokuwa na mtu wake Maskati. Sisi tulikuwa na ami, kaka mkubwa wa baba. Simu ilikuwa ya kwenda kuipangia foleni posta, na barua ya mkono ilitaka wa kuiandika huku na wa kuisoma kule. Kaseti haikutaka kisomo. Ilitaka redio yenye kile kitufe chekundu, na mtu anayesafiri wa kuibeba.

Ikifika, haifunguliwi ovyo. Husubiriwa Isha. Redio, National Panasonic yenye mpini uliofungwa kitambaa, huwekwa juu ya kigoda katikati ya ukumbi, bibi anakaa karibu nayo kuliko wote kwa kuwa barua ni yake, wanaume karibu na mlango, sisi watoto chini. Ami alikuwa akianza kila mara kwa maneno yaleyale, kama aliyefundishwa kuandika barua skuli na hakuona sababu ya kubadilisha: "Ama baada ya salamu, mimi huku ni mzima wa afya, hofu na mashaka ni juu yenu." Alizungumza taratibu. Ungeweza kumsikia akimeza mate. Na nyuma yake, tangu mwanzo wa kaseti mpaka mwisho, kulikuwa na kitu kinanguruma.

"Hicho ni nini?" shangazi aliuliza. "Anafanya kazi kiwandani siku hizi?"

Hakuna aliyejua. Swali likaenda kwenye jibu letu, na kaseti iliyofuata ikaleta habari kwamba ni mashine ya kutia baridi chumbani, na kwamba akiizima hawezi kupumua. Mimi nilikua nikiamini Oman ni nchi inayonguruma.

Mahali fulani katikati angesema: "Hapa naomba watoto watoke kidogo." Tunatoka. Tunazunguka nyuma, tunakaa chini ya dirisha. Siri zenyewe zilikuwa pesa, posa, na nani ameusogeza mpaka wa shamba la mikarafuu kule Konde. Leo nikimsikia mtu anasema watoto wa zamani hawakujua mambo ya wakubwa, nacheka.

Sasa jibu. Jibu lilirekodiwa juu ya kaseti ileile. Ndiyo, juu ya sauti ya ami. Kaseti mpya ilikuwa na bei yake, na aliyeileta yuko njiani kurudi wiki ijayo. Kaka yangu mkubwa alikuwa akiirudisha nyuma kwa kalamu ya Bic ili asimalize betri, akiizungusha hewani mpaka mkono uchoke. Kama kule Maskati kuna mjuaji aliyevunja vile vijino viwili vya plastiki mgongoni ili isifutike, tulitafuna karatasi tukaziba tundu.

Ndani ya redio kuna kitu nilichokuja kukielewa ukubwani, na nilieleweshwa na huyuhuyu fundi wa Darajani. Kabla ukanda haujafika kwenye kichwa cha kurekodia, hupita kwanza mbele ya kichwa cha kufutia. Kwenye redio za bei nafuu hicho kilikuwa kipande cha sumaku tu. Kaseti ya dakika 60 ina ukanda wa mita 86 hivi, unaotembea chini ya sentimita tano kwa sekunde, kwa hiyo neno la ami lilifutwa, na muda mfupi sana baadaye, palepale lilipokuwa, likaingia neno la bibi. Na sumaku zile hazikufuta vizuri. Bibi akinyamaza kutafuta neno, ukitega sikio, unamsikia ami kwa mbali akiendelea na yake.

Kuna jingine la ajabu kuliko hilo. Ukanda ukikaa umeviringishwa muda mrefu, tabaka moja huiambukiza sauti yake tabaka lililo jirani. Ndiyo maana kaseti iliyokaa sandukuni miezi hukusikilizisha, kwa sauti nyembamba mno, neno ambalo bado halijasemwa. Fundi anasema hiyo ni kasoro. Mimi nimeshaiingiza kwenye hadithi.

Bibi alijibu kwa mpango: salamu, waliozaliwa, waliofariki, mashamba, kisha maombi. Hatukuzima chochote kwa ajili ya kurekodi. Ikiwa ni msimu, nyumba nzima ilikuwa inachambua, kwa sababu karafuu iliyochumwa leo haisubiri kesho. Unashika kichala, unakigandamiza kwenye kiganja, karafuu huku, makonyo kule, na kila kichala kina mlio wake mdogo wa kukatika. Watu wanane wakichambua kwa pamoja ni mlio usiokatika. Bibi alizungumza katikati ya hayo kwa nusu saa bila kutaja karafuu hata mara moja. Habari zilikuwa za harusi. Katika kaseti iliyorudi kutoka Maskati, baada ya salamu na hofu na mashaka, ami alisema: "Nimewasikia mnachambua. Inshaallah mwaka huu zimezaa."

Haikubaki kaseti hata moja ya ami. Ndugu zake huko aliko walitafuta pia za bibi, hazikuwepo, kwa sababu ami naye alijibu juu ya sauti yake. Vijana wa siku hizi nikiwahadithia wanasikitika, na mmoja aliwahi kuniambia huo ulikuwa ushamba. Mimi siwezi kusikitika nao. Kila moja ya kaseti zile ilisikilizwa na nyumba nzima imenyamaza, na kila moja ilijibiwa.

Chukua simu. Shangazi yule aliyeuliza habari za kiwanda sasa ni mtu mzima sana, na amejifunza kutuma sauti kwenye kundi la ukoo la WhatsApp. Anatuma dakika nne, dakika tano. Anaanza na salamu kwa jina la kila mtu. Vijana wanamwendesha kwa kasi ya mara mbili. Nimekaa na mpwa wangu daladalani akimsikiliza hivyo, shangazi akawa kigori mwenye haraka, nikakumbuka wale watafiti na Mfaransa wao. Wale angalau walirudi wakarekebisha.

Isitoshe, simu ina adabu tusizoiomba. Katika mazungumzo programu zake hujitahidi kupunguza kelele ili maneno yasikike safi. Kelele kwake ni jogoo, mchi kwenye kinu, mvua kwenye mabati, watu wanane wanachambua. Yaani ni kile hasa ami alichokisikia. Ningemuuliza aliyeibuni hiyo programu, angejuaje mwaka ule kama karafuu zimezaa?

Halafu siku inafika simu inakuambia nafasi imejaa. Unachagua zote, unafuta zote, humo mna dakika tano za shangazi ambazo hukuwahi kuzifikisha mwisho. Fundi husema sahani yangu inapoteza. Sawa, inapoteza. Lakini inapoteza kilichokwisha kusikilizwa. Kifaa anachonisifia kinapoteza kisichosikilizwa na mtu, kisha kinakupa pongezi kwamba umepata nafasi.

Nimekuwa nikiwauliza watu wangeweka nini. Wengi wanataja vikombe vya muuza kahawa vinavyogonganishwa, au ngoma ya daku inayopita mtaani usiku wa Ramadhani, na mimi huwaambia hizo bado zipo, tokeni nje. Mwanamke mmoja wa Michenzani alitaja majenereta ya ule wakati Unguja ilipokaa gizani, Desemba 2009 mpaka Machi 2010. Hakuyapenda, ila ndiyo yaliyokuwa yakinguruma alipokuwa akimwimbia mwanawe wa kwanza, na kumbukumbu ya mtoto haimjii bila hayo. Kibarazani nilikuta wazee wawili wa rika moja. Wa kwanza alisema ile sauti ya redio ya Januari 1964 asiletewe katika sahani wala chungu. Wa pili akasema yeye angeifunua sasa hivi. Kikapita kimya kifupi, kisha wakaagiza kahawa nyingine, na mimi sikuendelea na uchunguzi wangu.

Kuna Mwingereza, Charles Babbage, yule wa hesabu na mashine, aliyeandika mwaka 1837 kwamba hewa ni maktaba kubwa ambamo kila kilichowahi kusemwa kimebaki kimeandikwa. Namshukuru Mungu hatujapata mashine ya kuisoma. Vichochoro vya Mji Mkongwe ni vyembamba, madirisha yanatazamana, na watu wanaishi vizuri kwa sababu wanayoyasikia ya jirani wanajua namna ya kutoyasikia.

Hadithi yenyewe imekwama, na imekwamia kwenye sharti. Baba wa nyumba amefariki, ameacha sahani moja imefunikwa kawa. Watoto wako Wete, Maskati na Dar es Salaam. Kadhi anajua kugawa shamba la mikarafuu, wa kiume mafungu mawili, wa kike moja. Hajui kugawa sauti itakayosikika mara moja. Hakuna njia ila wote wakae chumba kimoja, na wawili kati yao hawajasemeshana tangu ugomvi wa mpaka. Mmoja hapati ruhusa kazini. Mwingine anasema ifunguliwe bila yeye, kisha anapiga simu usiku kuuliza kama imeshafunguliwa.

Fundi, bila shaka, aliliona tundu mara moja. "Watairekodi kwa simu wakati inafunuliwa." Nilihangaika na hilo muda mrefu. Nimeamua wajaribu. Itakachonasa simu ni chumba: mtu anakohoa, kiti kinalia, mwanamke anasema "taratibu, taratibu". Ya sahani haimo.

Lakini bado sijapata tarehe. Nikienda Wete mwezi uliopita nilimsimulia shangazi, nikamweleza mkwamo wangu wote, wa meli, wa viza, wa ruhusa za kazini, wa mashamba. Alikuwa anapepeta mchele. Hakuona mkwamo.

"Sikukuu Mosi, wakitoka kuswali," alisema. "Asiyekuja shauri yake, atahadithiwa."

"Na wale wawili waliogombana?"

"Wakae mbali mbali. Sahani si iko katikati?"